Sayansi mbili zilizopita Pwani: nyota hazina wajukuu, mifupa inao

Tarehe 12 Disemba 1970, siku Kenya ilipotimiza miaka 7 ya uhuru, roketi ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Malindi. Ilibeba setilaiti ya Marekani iliyopewa jina Uhuru kwa heshima ya siku hiyo. Kazi yake ilikuwa kupima eksirei zitokazo angani, ambazo hewa ya dunia huzizuia zisifike ardhini. Iliorodhesha vyanzo zaidi ya 300.

Hiyo ndiyo astrofizikia. Mtaalamu wake hagusi anachokichunguza. Husubiri mwanga umfikie, kisha hupiga hesabu.

Mwaka 2023 ikawa zamu ya jenomiki, yaani usomaji wa chembe zote za urithi, herufi kama bilioni 3. Jarida la Nature lilichapisha utafiti wa DNA ya watu 80 wa kale, wengi wao waliozikwa katika miji ya Waswahili kama Mtwapa, Manda, Faza na Kilwa. Wengi walikuwa na zaidi ya nusu ya asili yao kutoka Afrika, hasa kwa upande wa kina mama. Sehemu kubwa ya iliyobaki ilitoka kwa wanaume wa Uajemi. Kuchanganyika huko kulikuwa kumeanza kufikia mwaka 1000 hivi. Kumbe wazee waliosimulia habari za Washirazi, wakapuuzwa na baadhi ya wanahistoria, hawakuwa wakitunga tu. Na wanaoikana Afrika katika nasaba zao nao wana la kujibu.

Sayansi zote mbili husoma alama za zamani, na zote zimeelemewa na data. Mwaka 2015 watafiti walikadiria kuwa kufikia 2025 elimu ya nyota ingehitaji hifadhi ya eksabaiti 1 kwa mwaka, na jenomu kati ya 2 na 40.

Lakini tofauti kubwa, kwa maoni yangu, si wingi huo. Nyota haina mjukuu. DNA ya marehemu wa Mtwapa inatoa pia siri za jamaa zake walio hai, katika Pwani hii ambako swali la nani mwenyeji hugusa kitambulisho na shamba. Kwa hivyo kabla kaburi halijafunguliwa tuulize: nani ameombwa ruhusa, sampuli zitahifadhiwa wapi, na matokeo wenyeji watasomewa kwa lugha gani?