Alifungiwa jukwaa, akaigiza sebuleni!

Hebu niambie, msomaji wangu: ukinyimwa ile kazi moja unayoijua, utafanyaje? Usijibu haraka. Mwenzio swali hili limeninyima usingizi tangu Jumamosi, nilipoiangalia kwa mara ya pili filamu ya Kicheki, Spalovač mrtvol, yaani Mchoma Maiti.

Ni ya mwaka 1969, haina rangi, na mwongozaji wake ni Juraj Herz. Rudolf Hrušínský anacheza bwana mmoja wa Prague, msafi, mpole, sauti ya kubembeleza, kazi yake kuchoma maiti. Manazi wanapoingia anajazwa maneno: eti mkeo ana damu ya Kiyahudi, atakuharibia cheo. Basi jamaa anamtia mkewe kitanzi, hukohuko nyumbani kwao!

Huyo mke ndiye Vlasta Chramostová. Mara ya kwanza sikumtilia maanani, nakiri, maana macho yangu yote yalikuwa kwa Hrušínský. Safari hii nikamfuata yeye tu. Haongei sana. Anamtazama mumewe, anatabasamu kidogo, na ukimwangalia vizuri unaona kabisa kwamba mama ameshaanza kuogopa, ila hataki watoto wajue. Kuna na mwanamke wa danguro anayetembelewa na huyo bwana. Nikakodoa macho: lahaula, ni yeye yuleyule Vlasta!

Alizaliwa Brno tarehe 17 Novemba 1926. Kuanzia 1950 alikuwa mtu wa jukwaa la Vinohrady, Prague, miaka ishirini hivi, na sinema juu yake. Vifaru vya Warusi vilipoingia Chekoslovakia Agosti 1968, wenzake wengi walijifanya hawakuona. Yeye hakunyamaza. Kazi zikaanza kuota mbawa moja baada ya nyingine, na Mchoma Maiti yenyewe ikatiwa kabatini. Mwaka 1977 akatia saini Charta 77, ule waraka wa kudai haki za binadamu. Hapo ndio kabisa, milango ikafungwa.

Sasa sikia ujeuri wa mama huyu. Nyumbani si ana sebule? Akaifanya ukumbi! Watu wakaalikwa chinichini, wakabanana, naye akawa anaigiza mbele yao huku polisi wa siri wakimvizia. Mwaka 1978 wakacheza Macbeth ya Shakespeare. Pavel Kohout aliifupisha ili itoshee waigizaji watano, Pavel Landovský akawa Macbeth, Vlasta mkewe. Mchezo wa wafalme na majeshi, ndani ya nyumba ya watu! Habari zikamfikia Tom Stoppard, mwandishi wa Uingereza aliyezaliwa hukohuko Chekoslovakia, na mwaka 1979 akaandika mchezo wake kuhusu Macbeth ya sebuleni, inspekta wa polisi akiingilia kati.

Mumewe Vlasta naye alikuwa mwenzake kwenye shida. Ni Stanislav Milota, yuleyule aliyeshika kamera ya Mchoma Maiti, na yeye pia akafungiwa kazi.

Tarehe 17 Novemba 1989 wanafunzi wa Prague waliandamana, polisi wakawatwanga, na kabla mwaka haujaisha serikali ile ilikuwa chali. Siku hiyo Vlasta alikuwa anatimiza miaka 63. Akarudi jukwaani, tena Jumba la Taifa la maigizo, filamu nayo ikatolewa kabatini. Milota alifariki Februari 2019, Vlasta akamfuata Oktoba mwaka huohuo, umri miaka 92.

Mimi ninachokililia ni ile miaka ya katikati. Tangu ana 43 mpaka 63! Kwa mwigizaji wa aina yake, asiyetegemea sura, huo ndio umri wa kuiva. Kina mama wangapi, bibi wangapi, wachawi wangapi angetuchezea? Walioviona vipaji hivyo ni wale wachache tu waliobanana sebuleni kwake.

Jumamosi hii naiweka tena. Nataka nimtazame anavyomkaribisha mumewe mezani.