Besi wa Nyamira na Obokano ya Babake

Msomaji usistaajabu mtu wa Mombasa kukuletea habari za kwaya. Nilikuwa Nyamira Jumamosi moja asubuhi, napita njiani, nikasikia watu wanaimba kanisani bila kinanda wala ngoma. Sauti nne zilipandana, na chini kabisa palikuwa na moja nzito kama ngurumo ya mbali. Nikasimama hadi walipotoka, nikamuuliza mwenye sauti ile.

Ni mzee aliyepita miaka sabini, na jina lake amenikataza kulitaja. Ameimba besi tangu sauti yake ilipovunjika. Alifundishwa kwa herufi za sol-fa, ule mtindo ambao Mwingereza John Curwen aliueneza katika karne ya 19 na wamisionari wakauleta huku. Wasabato walitua Gendia, ukingoni mwa ziwa, mwaka 1906, kisha wakapanda milima mpaka Nyanchwa. Wakatoliki walianza Nyabururu mwaka 1911. Mzee huyu ameimba hata Händel katika mashindano ya muziki ya Kenya, yaliyoanza mwaka 1927, kwa Kiingereza ambacho, asema akicheka, nusu yake hakukielewa.

Lakini babake alikuwa mpigaji obokano. Ni zeze kubwa la Wakisii lenye nyuzi nane, bakuli lake la mti limewambwa ngozi, nalo kwa ukubwa laishinda nyatiti ya Wajaluo. Sauti yake ni nzito, yavuma kama nyuki mzingani. Babake akamwita ajifunze, naye akakataa. Obokano ilikuwa ya vilabu vya pombe na ya mambo ya kale, na kijana wa kwaya aliona haya kuonekana nayo.

"Hakuna aliyenikataza, bwana," akaniambia. "Nilijikataza mwenyewe. Mzee akafa hajanifunza hata wimbo mmoja."

Nikamsimulia ya kwetu. Habib Swaleh alipoingiza matari katika maulidi pale Riyadha, Lamu, walikuwapo waliomkasirikia, na mpaka leo wako wasiotaka kulisikia dufu msikitini. Akanisikiliza kwa makini, akauliza: "Na matari yalibaki?" Nikamjibu yamebaki. Akanyamaza kitambo.

Nyumbani kwake akanionyesha obokano ile, imetundikwa ukutani. Ngozi ilikuwa imepasuka zamani, na sasa mjukuu wake ameiwamba upya na kutia nyuzi za nailoni, kwani zile za mishipa hazipatikani kwa urahisi. Kijana akaketi kigodani, akaanza kukaza. Uzi mnene ulimtatiza, kila akiugusa wazidi au wapungua. Yule mzee alikuwa anamimina chai, hakugeuka. Akaitoa tu ile sauti yake ya chini, akaishikilia, na kijana akaufuata uzi polepole mpaka vikalingana.