Unajua 21 kwa Kiserbia huhesabiwa kama moja? Fungua hii faili

Kama unajifunza koding, iwe darasani au usiku kwa simu yako, bila shaka umewahi kuona folda inayoitwa "locale". Ndani kuna faili kibao zenye majina mafupi: fr, ar, sw, sr. Wengi wetu huzipita tu. Leo hebu tuingie kwa hiyo ya mwisho, sr, ya Kiserbia, lugha ya Serbia kule Ulaya. Ni faili ndogo, lakini ukiisoma vizuri hutasema tena ati kuweka programu katika lugha nyingine ni kutafsiri maneno tu.

Tuanze na hesabu. Kwa Kiingereza sheria ni rahisi: kitu kikiwa kimoja tumia umoja, vikizidi tumia wingi. Ipeleke Serbia uone itakavyokufa mapema. Saa kwao ni "sat". Ikiwa moja ni "1 sat". Mbili, tatu na nne ni "sata". Tano kwenda juu ni "sati". Ukidhani umemaliza, 21 inarudi kuwa "sat", 22 ni "sata", lakini 11 ni "sati". Kwa hivyo faili inabeba kanuni: angalia tarakimu ya mwisho, tenga 11 hadi 14, kisha chagua neno.

Siku nazo zina jinsia. Jumatatu iliyopita ni "prošlog ponedeljka", Jumatano iliyopita ni "prošle srede". Neno la "iliyopita" linabadilika kwa sababu Jumatatu ni ya kiume na Jumatano ni ya kike. Ndio maana Moment.js, maktaba ya tarehe ambayo wengi mmeitumia, imeandika kila siku kivyake kwa faili yake ya Kiserbia.

Sasa ngoma yenyewe: Waserbia wana hati mbili. Kuna Kisirili, herufi za jamii moja na zile za Warusi, na kuna Kilatini kama hiki unachosoma. Katiba yao ya 2006 inatambua Kisirili kama hati rasmi, lakini mtaani na mtandaoni utakutana na zote mbili. Kwa hivyo mtu wa maktaba lazima aamue: faili ikiitwa sr tu, iwe na hati gani? Ukiweka sr kwenye Django, unapata Kisirili, na Kilatini kinaitwa sr-latn. Ukiweka sr kwenye Moment.js, unapata Kilatini, na Kisirili kinaitwa sr-cyrl. Tovuti moja ikitumia zote mbili bila mtu kuangalia, menyu inakuja kwa hati moja na tarehe kwa nyingine.

Utasema, si mashine igeuze tu? Kutoka Kisirili kwenda Kilatini, ni poa. Kurudi ndiyo shida. Herufi "nj" za Kilatini huwa herufi moja kwa Kisirili, њ. Lakini kwa neno "injekcija", yaani sindano, n na j ni sauti mbili tofauti. Mashine isiyojua hayo inaharibu neno, na hospitalini hutaki neno hilo liharibike.

Pesa pia. Kule nukta hutenga maelfu na koma hutenga desimali. Dinari 1.500,50 ni elfu moja mia tano na nusu. Mkenya akiona 1.500 anasoma moja na nusu. Weka hiyo kwenye ankara ya duka uone vita.

Na usijaribu njia ya mkato ya kunakili faili ya Kikroatia kwa vile lugha hizi zinafanana. Mserbia huita Januari "januar", Mkroatia huiita "siječanj". Mteja wa Belgrade atajua mara moja kwamba hukumfikiria.

Kwa nini nakusumbua na mambo ya Serbia? Kwa sababu jirani ya sr kwenye ile folda ni sw, yaani sisi. Kiingereza kina neno moja tu la kusema kitu kimefutwa. Sisi husema kitabu kimefutwa, picha imefutwa, ujumbe umefutwa, jumbe zimefutwa. Programu iliyojengwa kwa kubandika jina mbele ya kitenzi kimoja itatuabisha kila siku. Halafu "saa 2" ni muda wa safari au ni asubuhi baada ya kuamka? Mashine haijui mpaka mtu ayaandike.

Na huyo mtu haulizwi cheti. Mimi niliacha chuo, na nakwambia hizi maktaba ni za wazi: unatuma marekebisho, watu wanaangalia kama sentensi iko sawa, basi. Kiserbia kiko vizuri kwa sababu kuna wasemaji wake walioketi wakaeleza 21 na Jumatano.

Wikendi hii fungua faili ya sw kwenye maktaba unayotumia, uisome kwa sauti. Sentensi yoyote ambayo shosho wako angeicheka, hiyo ndiyo kazi yako ya kwanza.