Herufi moja yaweza kukwamisha malipo ya matibabu Marekani

MSULI wa kigasha, sehemu ya mkono iliyo kati ya kiwiko na kiganja, ukivutika hupona taratibu. Nchini Marekani, malipo ya tiba yake hutegemea pia herufi moja.

Tangu Oktoba 1, 2015, hospitali za huko hutumia orodha ya alama za magonjwa iitwayo ICD-10-CM. Kuvutika kwa baadhi ya misuli ya kukunja, mkono wa kulia, huandikwa S56.211, kisha huongezwa herufi ya saba.

A huonyesha kuwa jeraha lingali likitibiwa. D, kwamba mgonjwa anafuatiliwa akiwa anapona. S, kwamba jeraha limeacha athari.

Wengi hudhani A ni ya ziara ya kwanza. Sivyo. Daktari mpya anayeendeleza tiba huandika A. Mtaalamu wa mazoezi ya viungo anayempokea kwa mara ya kwanza mgonjwa aliyekwisha kutibiwa na anayepona, huandika D. Kinachoangaliwa ni aina ya huduma, si idadi ya ziara.

Herufi ikikosewa, kampuni ya bima yaweza kukataa dai, na mgonjwa akajikuta akidaiwa.