Mtoto wa Kulea Hana Fungu Mpaka Aandikiwe

Katika familia zetu za Mombasa, Malindi na Lamu wako wengi waliooa au kuolewa bara, na jamaa wa Migori na Homa Bay si wageni tena katika arusi na matanga yetu. Ndiyo maana tumeona wiki hii tulizungumze jambo ambalo huzuka mara tu kaburi linapofukiwa: je, mtoto aliyelelewa katika nyumba ya marehemu tangu uchanga wake ana fungu katika mali?

Kule swali hili lina uzito wa pekee. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2018 uliikuta Homa Bay na maambukizi ya virusi vya Ukimwi ya asilimia 19.6 miongoni mwa watu wazima, kiwango cha juu kuliko kaunti nyingine yoyote nchini, na Migori ilikuwa na asilimia 13. Nyuma ya hesabu hizo wamo mayatima waliochukuliwa na shangazi, mama wadogo na nyanya zao bila karatasi yoyote. Huruma haikungoja mahakama. Waluo wanalo neno kimirwa, mtoto ambaye mama amekuja naye katika ndoa akiwa na baba mwingine. Mtoto huyo hula chungu kimoja na wenzake miaka yote. Siku ya kugawa ardhi ndipo wazee wanapokumbuka alikotoka. Wala sisi wa pwani tusijione bora, kwani matusi ya namna hiyo kwetu yamo pia.

Tuchukue mfano, usio wa mtu yeyote. Mwislamu wa Kendu Bay amefariki, ameacha ekari 6, mke, ndugu wawili wa baba na mama mmoja, na binti wa dada ya mkewe ambaye wamemlea tangu akiwa na mwaka mmoja. Mtoto wa kuzaa hana. Baada ya gharama za mazishi na madeni kulipwa, mke hupata robo, yaani ekari moja na nusu, na ndugu huchukua nne na nusu zilizobaki. Binti hapati kitu, kwa kuwa malezi, hata yawe mema namna gani, hayaleti nasaba.

Wako wanaosema hiyo ni dhulma. Sisi tunaona dhulma ipo kwingine, nayo ni uzembe wa aliyekuwa hai. Sheria imemwachia mlango wa wasia hadi theluthi moja ya mali kwa asiyekuwa mrithi. Lau marehemu yule angaliandika, binti angalipata ekari 2, mke 1 na ndugu 3. Mke naye hupungukiwa hapo, kwa hiyo ni vyema azungumziwe mapema. Mwenye kutaka zaidi ya theluthi anayo hiba, lakini hiba hutimia kwa kukabidhi. Kusema barazani kwamba “shamba hili ni la huyu mwanangu”, huku hati ikibaki sandukuni kwa jina la baba, hakumfai mtoto. Ardhi ya kilimo hutaka pia idhini ya Bodi ya Kudhibiti Ardhi.

Sasa tuseme wale ndugu wawili si Waislamu, jambo la kawaida sana katika koo za kule. Kwa sheria yetu asiye Mwislamu hamrithi Mwislamu. Sheria ya Urithi iliyoanza kutumika mwaka 1981 iliwakusanya Wakenya wote, na mwaka 1990 Waislamu wakatolewa ili mali zao zigawiwe kwa sheria ya Kiislamu. Katiba nayo, katika ibara ya 170, humpa Kadhi mamlaka pale tu ambapo wahusika wote ni Waislamu na wamekubali kusikizwa naye. Ndugu wakikataa, kesi huenda Mahakama Kuu, iliyo na vituo Homa Bay na Migori. Huko hoja ya kwanza huwa: marehemu alikuwa Mwislamu kweli? Ndugu watataka ionekane hakuwa. Na binti naye, ole wake, huenda akashawishiwa kusema hivyo hivyo, kwa sababu sheria ya nchi kwa wasio Waislamu, katika kifungu cha 29, humtambua mtoto ambaye marehemu alimchukua kuwa wake na akawa akimtunza. Basi mtu aliyesali maisha yake yote hushindaniwa dini akiwa kaburini, na wanaomvua ni watu wake wa karibu.

Majirani zetu Wahindu wana mashaka ya namna nyingine. Kwao mtoto wa kupanga huhesabiwa kama aliyezaliwa katika nyumba mpya, lakini sheria ya India ya mwaka 1956 hutaka awe ametolewa na kupokewa kwa hakika. Kwa hiyo ugomvi wao huwa juu ya mashahidi: ni nani aliyeona mtoto akikabidhiwa?

Kwetu, Sheria ya Watoto ya 2022 imeitambua kafala, na ikasema wazi kwamba haimpi mtoto jina la familia wala haki ya kurithi moja kwa moja. Uamuzi wa Mahakama ya Upeo wa Juni 30, 2025, uliozua maneno mengi misikitini, ulihusu watoto waliozaliwa nje ya ndoa na baba Mwislamu. Asiwepo wa kumdanganya mlezi kwamba ulimhusu mtoto wa kulea.

Mjane naye ajue kwamba kabla ya mahakama kumteua msimamizi, shemeji hana idhini ya kuuza ng'ombe wala kukodisha shamba. Kifungu cha 45 hutoza faini hadi shilingi 10,000, au kifungo kisichozidi mwaka mmoja, au vyote viwili. Na wasia uandikwe, ushuhudiwe na watu wawili waaminifu wasio na fungu ndani yake, na nakala moja iwekwe nje ya nyumba ya marehemu, mahali ambapo anayefunga milango siku ya matanga hawezi kuifikia.