Mhariri wa Filamu Aitwe Mapema

Filamu ya Jean-Luc Godard, À bout de souffle, iliyotoka Ufaransa mwaka 1960, ilifika kwenye meza ya uhariri ikiwa ndefu mno. Kawaida ingekuwa kutupa matukio mazima. Godard na mhariri wake, Cécile Decugis, wakapunguza ndani ya matukio yenyewe. Itazame safari ya mhusika Patricia katika gari la wazi: kisogo chake hakiondoki kwenye picha, mwanamume aliye naye anaendelea kuzungumza, lakini mitaa ya Paris inaruka kila baada ya muda mfupi. Filamu ilibaki na dakika 90 hivi, na mtindo ule ukaigwa duniani kote.

Hapo ndipo penye kiini cha kazi ya mhariri katika filamu huru. Bajeti ikiwa ndogo, hakuna kurudi kupiga picha tena: waigizaji wametawanyika, nyumba iliyoazimwa imerudishwa kwa mwenyewe. Kilichonaswa ndicho kilichopo. Kwa hiyo mhariri hutazama kila kipande, hata sekunde zile kabla mwongozaji hajasema "anza" na baada ya kusema "kata", kwa maana mara nyingi mwigizaji hutazama kwa ukweli zaidi akidhani kamera imezimwa. Maneno yakimezwa na mngurumo wa bodaboda, huyachukua kwenye rudio jingine na kuyaweka juu ya uso wa anayesikiliza. Sekunde moja ya sinema ina fremu 24. Kuondoa tatu tu kunatosha kuligeuza jicho la huzuni liwe la dharau.

Mhariri pia hakuwepo mvua ilipowanyeshea wapigaji picha usiku kucha wakitafuta picha moja. Mwongozaji huipenda picha hiyo kwa sababu ya taabu yake. Mhariri huipima kwa kile inachoifanyia hadithi. Wapo wanaoweza kubeba majukumu yote mawili: mwongozaji Sean Baker aliihariri mwenyewe filamu yake Anora na kutwaa Oscar ya uhariri mwaka 2025. Lakini yeye amehariri filamu zake kwa miaka mingi. Kujihariria kwa sababu fedha zimekwisha ni jambo jingine kabisa, na filamu nyingi nzuri huharibikia hapo.

Watayarishaji, tengeni malipo ya mhariri tangu bajeti ya kwanza, na mpeni picha kila jioni upigaji ukiendelea. Pengo likionekana siku ya nne, kamera bado ipo.