Je, Wajua? Waliagwa Ikulu Kabla ya Uhuru

Je, wajua kwamba vijana wa kujitolea wa shirika la Marekani la Peace Corps waliagwa Washington kwenda Tanganyika kabla Tanganyika haijapata uhuru? Ilikuwa Agosti 28, 1961. Rais John Kennedy aliwapokea katika bustani ya Ikulu, pamoja na wenzao waliokuwa wakienda Ghana. Uhuru wa Tanganyika ulikuja Desemba 9.

Wa Ghana walikuwa walimu. Wa Tanganyika walikuwa wapima ardhi, wahandisi na wanajiolojia. Kazi yao ilikuwa barabara, zikiwemo za kutoa mazao shambani hadi sokoni.

Shirika lina malengo matatu tu. La kwanza ni kupeleka ujuzi. Mawili yaliyobaki ni watu kufahamiana: wenyeji wawajue Wamarekani, na Wamarekani wawajue wenyeji. Hayo mawili ndiyo magumu zaidi.

Ugumu huo ulionekana mapema: Oktoba 1961, kijana mmoja wa kujitolea wa shirika hilo aliyekuwa mafunzoni Ibadan, Nigeria, aliandika postikadi ya kwenda kwao, akisimulia vibaya maisha aliyoyaona. Ilidondoka kabla ya kutumwa. Wanafunzi wa chuo wakaiokota, wakaisoma, wakaandamana. Walikuwa na haki ya kukasirika. Kipande kimoja cha karatasi karibu kiuzamishe mradi mzima.

Na wajua? Tangu 1965, sheria inawataka wafanyakazi wengi wa shirika hilo, hata wa makao makuu Washington, waondoke baada ya takriban miaka 5. Damu mpya huingia, lakini uzoefu nao hutoka.